Kabla Mdakaji Hajageuka: Hotuba Kuhusu Johnny Unitas

Wazee wetu, shikamooni. Mabibi, mabwana na vijana, habari za jioni.

Mada ya leo ni Johnny Unitas, kwotabeki wa Baltimore Colts kuanzia mwaka 1956 hadi 1972. Wengi mliopo hapa mmekulia kwenye soka. Mkitazama mpira wa Kimarekani kwenye televisheni mnaona watu wanaangukiana, filimbi inalia, halafu yanakuja matangazo ya biashara. Sina lawama. Kwa hiyo nitaanza na kazi aliyokuwa akiifanya, kisha nimlete mwenyewe, maana ukimpima Unitas kwa vikombe peke yake utampunja. Huyu anapimwa kwa sekunde tatu.

Uwanja una yadi 100 kutoka mstari wa mwisho wa upande mmoja hadi wa upande wa pili. Ni yadi zile zile za kupimia kitambaa dukani. Yadi kumi ni mita tisa na ushei. Timu yenye mpira ina majaribio manne ya kusogea yadi kumi. Ikizipata, inahesabiwa upya majaribio manne mengine. Ikizikosa, mpira ni wa wapinzani, ndiyo maana likifika jaribio la nne timu nyingi huona heri kuupiga teke uende mbali. Kuuvusha mpira mstari wa mwisho ni tachidauni, pointi sita, pamoja na teke la kuongeza moja. Kuupiga teke ukapita katikati ya milingoti ni pointi tatu. Kwa leo hayo yanatutosha.

Kila jaribio huanza hivi: senta anainama na kuupitisha mpira kati ya miguu yake, unatua mikononi mwa kwotabeki aliyesimama nyuma yake, karibu naye kabisa. Kwotabeki atampa mkimbiaji, au atarudi nyuma hatua tano hadi saba ili arushe. Anaporudi, wanaume watano wa mstari wa mbele wanawazuia wenzao wa upande wa pili wanaotaka kumwangusha. Wakiwazuia sekunde tatu, wamefanya kazi ya kusifiwa. Ndani ya hizo tatu, kwotabeki awe amewasoma walinzi, amechagua, na mpira umeshamtoka mkononi.

Sasa sikilizeni hapa. Mrushaji wa kawaida hungoja mpaka amwone mdakaji yuko peke yake, ndipo arushe. Hilo ni kosa, na hesabu yake ni nyepesi. Mpira unaorushwa kwenda kwenye mstari wa pembeni hukaa hewani sekunde moja au zaidi. Katika sekunde hiyo mlinzi mwenye mbio anakula yadi saba, nane. Yule uliyemwona peke yake, mpira ukimfikia, ana mgeni mgongoni. Unitas alikuwa akiuachia mpira mdakaji akiwa bado amempa kisogo. Hakumrushia mtu, alirushia mahali. Mdakaji anamaliza hatua zake, anakata kona kwenda nje, anageuza kichwa, na mpira huo hapo kifuani.

Ndiyo maana urushaji wa namna hii hauna huruma. Mdakaji akipitiliza hatua moja, au akiteleza, mpira unaangukia mahali pasipo na mwenyewe. Kwotabeki akichelewa nusu sekunde, au akiutupia upande wa ndani badala ya upande wa nje, mlinzi anaukata huku tayari anakimbia kuelekea upande wa pili, na mbele yake hakuna mtu. Hakuna mpira unaonyakuliwa ukaleta hasara kama huu wa pembeni. Dawa yake ni kuurusha chini kidogo na kwa nje, mahali ambapo kama mdakaji wako hakuufikia, basi hapana atakayeufikia.

Kufika hapo kunahitaji watu wawili wenye moyo wa mafundi saa. Wa pili aliitwa Raymond Berry. Colts walimchagua Berry mwaka 1954 katika raundi ya 20 ya zoezi la timu kuchagua wachezaji wapya kwa zamu, mahali ambapo timu huokota okota tu. Macho yake yalikuwa mabovu, na mbio hakuwa nazo za kutisha. Lakini alihesabu hatua zake, akaandika kila hila aliyoitumia kumtoroka mlinzi, na muda wa mapumziko alikuwa akibinya kinata cha kuchezea watoto ili vidole vishike nguvu. Mazoezi yakiisha, wenzao wakienda kuoga, hawa wawili walibaki uwanjani wakirudia njia ile ile: hatua ngapi, mguu upi wa mwisho, mpira utoke lini. Berry alipostaafu mwaka 1967 alikuwa amedaka mipira 631, idadi ambayo hakuna aliyekuwa ameifikia kabla yake.

Tumrudie Unitas. Alizaliwa Pittsburgh, jimbo la Pennsylvania, tarehe 7 Mei 1933, katika familia yenye asili ya Lithuania. Baba yake alikuwa na biashara ndogo ya kusambaza makaa ya mawe majumbani, akafariki John akiwa na miaka mitano. Mama yake, Helen, akaishika biashara hiyo na kulea watoto wanne. Alipomaliza sekondari, chuo cha Notre Dame kilimwona mwembamba mno. Chuo Kikuu cha Pittsburgh kilimtaka, akashindwa mtihani wa kuingia. Akaenda Louisville, jimbo la Kentucky, kwenye timu isiyo na jina kubwa. Mwaka 1953 sheria za vyuo zilibana kubadilisha wachezaji, kwa hiyo akawa anarusha mpira timu yake ikishambulia na kubaki uwanjani kama mlinzi wa nyuma ikishambuliwa. Nadhani shule hiyo ilimfaa kuliko alivyojua: alijifunza mlinzi anaogopa nini.

Mwaka 1955 Pittsburgh Steelers, timu ya mji wake, walimchagua katika raundi ya 9. Walikuwa na makwotabeki wanne, nafasi zilikuwa tatu. Kocha Walt Kiesling hakumwingiza hata mara moja katika mechi za majaribio, kisha akamwacha. Nafasi ya tatu alipewa Vic Eaton, ambaye pamoja na kurusha aliweza pia kupiga teke la mbali. Kikosi siku hizo kilikuwa cha watu thelathini na kidogo, na mtu wa kazi mbili alikuwa na thamani. Asiyekujua hakuthamini. Unitas alipewa nauli ya basi, akaiweka mfukoni, akarudi nyumbani kwa kuomba lifti.

Mwaka mzima akafanya kazi za ujenzi, na jioni akachezea Bloomfield Rams, timu ya mtaani Pittsburgh, kwa ujira ambao kwa kawaida hutajwa kuwa dola 6 kwa mechi. Februari 1956 simu ikatoka Baltimore. Kwotabeki wao wa akiba alikuwa ameamua kwenda kusoma sheria, wakahitaji mtu. Mkataba ulikuwa dola 7,000 kwa mwaka, iwapo ataingia kikosini.

Hapa kuna jambo ambalo nawaomba mlishike mpaka mwisho. Kocha wa Colts, Weeb Ewbank, alimpiga picha siku ya majaribio, hatua kwa hatua, tangu kusimama nyuma ya senta hadi mpira kumtoka. Picha zikaonyesha kitu kisicho cha kawaida. Baada ya kuuachia mpira, mkono wa Unitas uliendelea mbele sana, na kiganja kikapinduka kikatazama nje, dole gumba likaelekea chini. Msokoto ule ndio uliofanya mpira uende umenyooka, ncha mbele, hautikisiki hata upepo ukivuma. Ewbank alisema baadaye kwamba alikuwa akijiuliza kiwiko kile kitavumilia mpaka lini.

Mwanzo ulikuwa mbaya. Oktoba 1956, Chicago, kwotabeki wa kwanza George Shaw akaumia goti, Unitas akaingia. Mpira wake wa kwanza ukanyakuliwa na J. C. Caroline wa Bears, akakimbia nao hadi tachidauni. Punde si punde, akimkabidhi mkimbiaji wake mpira, wakagongana, ukawaponyoka, Bears wakauokota. Colts wakafungwa 58 kwa 27. Ewbank hakumtoa. Kufikia mwisho wa msimu asilimia 55.6 ya mipira yake ilikuwa imedakwa, kiwango ambacho hakuna mgeni wa ligi aliyekuwa amekifikia. Na tarehe 9 Desemba mwaka ule ule ulianza mfululizo uliomtangaza: mechi 47 kila moja na angalau tachidauni moja ya mpira aliourusha yeye. Ulikatika Desemba 1960 mbele ya Los Angeles Rams. Rekodi hiyo ikasimama mpaka Oktoba 2012, Drew Brees alipoipita. Zaidi ya miaka hamsini.

Kuna jambo watazamaji wa leo hawalioni, na kwangu ndilo kubwa kuliko namba zote. Kwotabeki wa siku hizi ana redio ndani ya kofia. NFL, ligi kuu ya mchezo huu, iliruhusu mwaka 1994. Wasaidizi wa kocha wanakaa juu jukwaani, wanaona uwanja wote, wanachagua, na yeye ananong'onezwa. Mwaka 1956 kocha Paul Brown wa Cleveland alijaribu kumtia kwotabeki wake redio kofiani, kamishna wa ligi Bert Bell akapiga marufuku. Brown akabaki na njia yake ya zamani: mchezaji mmoja anatoka, mwingine anaingia na amri mdomoni. Otto Graham, kwotabeki wake wa miaka kumi, alifika fainali kumi mfululizo na kushinda saba, mafanikio ambayo sijui kama yatarudiwa, lakini mchezo uliokuwa ukichezwa ulikuwa wa Brown.

Ewbank alikuwa msaidizi wa Brown kabla ya kwenda Baltimore. Ungetegemea aige. Badala yake, kwa sehemu kubwa alimwachia Unitas achague mwenyewe. Kila jaribio likiisha, wachezaji kumi na mmoja wanajikunja duara. Kwotabeki ana nusu dakika ya kukumbuka jaribio la ngapi, yadi ngapi zimebaki, saa inasemaje, na mlinzi gani amechoka. Unitas alikuwa anauliza: una nini? Mdakaji anamjibu kwamba mlinzi wake anamwachia nafasi ya ndani. Huenda asiitumie hapo hapo. Anaiweka akiba, na saa nzima baadaye, mambo yakiwa magumu, anaitoa. Wenye mazoea ya bao wataelewa: kuna kete unaiacha nyumbani makusudi.

Na aliwavuruga walinzi kwa kuasi desturi. Jaribio la tatu likibakisha yadi moja, kila mtu anajua utampa mkimbiaji. Yeye anarusha mbali. Likibakisha yadi kumi, kila mtu anajua utarusha. Yeye anampa mkimbiaji, walinzi wakiwa wamesharudi nyuma. Akifika kwenye mstari akaona wamejipanga tofauti na alivyotarajia, anabadilisha amri hapo hapo kwa maneno ya siri. Hatari ya kubadilisha ni kelele za uwanja: mmoja asiposikia, mzuiaji anakwenda kulia wenzake wakienda kushoto, na kwotabeki anaangushwa na mtu asiyemwona.

Fainali ya 1958 ndiyo inayoonyesha yote haya, kwa hiyo niruhusuni nikae hapo kidogo.

Msimu ule Unitas alivunjika mbavu tatu katika mechi na Green Bay na pafu likatoboka. Akakosa mechi mbili. Akarudi dhidi ya Rams amefungwa kinga kifuani, na mpira wake wa kwanza ukawa tachidauni ya yadi 58 kwa Lenny Moore. Wiki iliyofuata San Francisco waliwaongoza Colts 27 kwa 7 mpaka mapumziko. Colts wakashinda 35 kwa 27 na kuingia fainali.

Jumapili tarehe 28 Desemba, Yankee Stadium, New York, dhidi ya New York Giants, watazamaji 64,185. Colts waliongoza 14 kwa 3 kufikia mapumziko. Katika robo ya tatu walikuwa wamefika yadi moja tu kutoka mstarini, wakazuiwa. Hapo mchezo ukageuka, Giants wakapata tachidauni mbili, 17 kwa 14. Kutangulia si kufika. Karibu na mwisho Giants walihitaji kama yadi nne tu wabaki na mpira na kuimaliza saa. Gino Marchetti wa Colts akamwangusha Frank Gifford, mkimbiaji wa Giants, kabla hajafika, na katika rundo lile mguu wa Marchetti ukavunjika. Giants wakapiga teke. Colts wakaupata mpira kwenye yadi yao ya 14, yaani yadi 14 kutoka mstari wao wenyewe, zimebaki kama dakika mbili.

Fuateni hesabu. Mipira miwili inaanguka chini. Jaribio la tatu, yadi 11 kwa Moore: sasa wako yadi ya 25. Halafu Berry mara tatu. Mara ya kwanza, Harland Svare, mlinzi wa kati wa Giants, anasogea mpaka mbele ya uso wa Berry ili amzuie asianze kukimbia. Jambo hilo halikuwa katika mpango wowote wa siku ile, lakini Unitas na Berry walikuwa wameshalizungumza siku za nyuma: mlinzi wa kati akija usoni, dalili ya kwenda nje, kisha kata ndani. Wanatazamana, hakuna anayesema kitu. Yadi 25, katikati ya uwanja. Mara ya pili, yadi 15. Mara ya tatu, 22. Wako yadi ya 13 ya Giants. Siku hizo milingoti ilisimama kwenye mstari wenyewe, haikuwa nyuma kama sasa. Mpigaji anasimama yadi saba nyuma, kwa hiyo teke ni la yadi 20. Steve Myhra akalipiga sekunde saba kabla ya mwisho. 17 kwa 17.

Haikuwahi kutokea fainali ya ligi hiyo ikaenda muda wa nyongeza. Baadhi ya wachezaji waliamini mechi imeisha kwa sare. Sheria ilisema atakayefunga kwanza ndiye bingwa. Giants wakaanza na mpira, wakashindwa, wakapiga teke; Colts kwenye yadi yao ya 20, yadi 80 mbele yao.

Unitas alizivuka kwa majaribio 13. Kila mtu anakumbuka za Berry, lakini iliyowavunja Giants mgongo ni moja ya mkimbiaji. Kwa kumhofia Berry, mlinzi wao wa kati Sam Huff alikuwa ameanza kujirudisha nyuma hatua kadhaa kila anapohisi mpira utarushwa. Dick Modzelewski, wa mstari wa mbele, alikuwa akimvamia Unitas kwa pupa. Unitas akayaona yote mawili akiwa mstarini, akabadilisha amri: mwacheni Modzelewski apite, mzuiaji kutoka pembeni aje kumsukuma ubavuni, na Alan Ameche apite kwenye pengo aliloliacha. Huff, mtu pekee ambaye angeziba, yuko nyuma. Yadi 23. Halafu Berry akadaka tena, wakafika yadi ya 8.

Hapo hapo televisheni zikazimika nchi nzima; waya wa kituo cha NBC ulikuwa umechomoka. Mtu mmoja akaingia uwanjani akikimbizana na polisi, mchezo ukasimama, waya ukarudishwa. Watu wanaokadiriwa kufikia milioni 45 walikuwa wanatazama, ila wa New York kwenyewe hawakuwemo: sheria za siku zile zilizuia kuirusha mechi katika mji inakochezwa.

Ameche akasogea yadi moja. Yadi saba zimebaki, teke fupi linatosha kushinda. Unitas akarusha, mpira wa juu kuelekea pembeni kwa Jim Mutscheller, aliyeangukia yadi moja kutoka mstarini. Alipoulizwa baadaye kwa nini alihatarisha, alijibu kwa maana kwamba ukijua unachofanya hunyakuliwi. Wengine wanaona ni majivuno. Mimi naona ni hesabu: Myhra hakuwa mpigaji wa kuaminika, na mpira ule ulirushwa mahali ambapo ni Mutscheller au nje ya uwanja. Ameche akaingia kwa jaribio lililofuata. 23 kwa 17. Unitas alidakwa mipira 26 kati ya 40, yadi 349. Berry peke yake 12 kwa yadi 178. Mwaka uliofuata waliwafunga Giants tena kwenye fainali, 31 kwa 16, nyumbani Baltimore, na katika mechi 12 za msimu huo Unitas alikuwa amerusha tachidauni 32.

Nisiipake rangi Baltimore ya wakati ule ikapendeza kuliko ilivyokuwa. Lenny Moore, Jim Parker na Eugene Lipscomb walikuwa Weusi. Jumapili watu walilipa kuwashangilia. Jumatatu kulikuwa na mikahawa na sinema za mji huo huo ambazo hawakuruhusiwa kuingia na wenzao Wazungu. Parker ndiye aliyemlinda Unitas upande wa kushoto, upande ambao mrushaji wa mkono wa kulia hauoni akishageuka kurusha.

Sasa namba, maana vijana huzichukua wakazilinganisha na za leo na kusema mzee hakuwa lolote. Katika mechi 211 alirusha mipira 5,186, ikadakwa 2,830, yadi 40,239, tachidauni 290, iliyonyakuliwa 253. Ni asilimia 54.6 tu. Lakini mpaka 1978 wazuiaji hawakuruhusiwa kunyoosha mikono kuwasukuma washambuliaji. Walizuia kwa mabega na ngumi zilizobanwa kifuani. Mlinzi aliruhusiwa kumgonga mdakaji popote njiani alimradi mpira haujarushwa. Mlinzi wa mstari aliweza kumzaba mzuiaji kofi la kofia akamzubaisha. Kwotabeki mwenyewe alipigwa kwa namna ambazo leo ni faini na kufungiwa. Hadi 1960 msimu ulikuwa na mechi 12, kisha 14. Mwaka 1960 alikuwa wa kwanza katika NFL kuvuka yadi 3,000 kwa msimu, na baadaye wa kwanza kufikisha 40,000 maishani. Mnyonge mnyongeni, haki yake mpeni.

Na 253 zile zilizonyakuliwa? Ni zake, hatuzifichi. Aliyejiamini kurusha kabla ya kuona lazima aadhibiwe mara nyingine.

Miaka ya sitini naipita haraka. Don Shula akachukua ukocha mwaka 1963. Unitas alipewa tuzo ya mchezaji bora wa ligi mwaka 1959, 1964 na 1967. Fainali ya 1964 Colts walifungwa na Cleveland 27 kwa 0, na hakuna la kueleza zaidi ya kwamba walizidiwa.

Mwaka 1968, katika mechi ya mwisho ya maandalizi, kiwiko cha kulia kilipasuka ndani. Ni kile kile Ewbank alichokitilia shaka. Earl Morrall akaiongoza timu msimu mzima, akawa mchezaji bora wa ligi. Januari 1969, kwenye Super Bowl ya tatu, yaani fainali kuu, Colts walipewa ushindi kabla ya kucheza, wakafungwa na New York Jets 16 kwa 7, na kocha wa Jets alikuwa Ewbank huyo huyo. Tachidauni pekee ya Colts ilipatikana Unitas alipoingizwa mwishoni, mkono ukiwa haujapona. Januari 1971 walishinda Super Bowl ya tano, 16 kwa 13 dhidi ya Dallas. Mpira wake mmoja uliguswa guswa njiani, ukamwangukia John Mackey, yadi 75 hadi tachidauni. Bahati, na yeye hakujifanya vingine. Aliumia mbavu kabla ya mapumziko, Morrall akamalizia.

Mwaka 1972 uongozi mpya ukamweka benchi. Tarehe 3 Desemba, mechi yake ya mwisho Baltimore, aliingia dakika za mwisho na kumrushia Eddie Hinton mpira uliokwisha kuwa tachidauni ya yadi 63. Kisha akauzwa San Diego, akacheza msimu mmoja usio na furaha, akaacha katikati ya mazoezi ya 1974. Mwaka 1979 akaingizwa kwenye jumba la heshima la mchezo huo. Na Colts walipopakiwa kwenye malori usiku wa Machi 1984 na kuhamishiwa Indianapolis, alikataa kuhesabiwa wa huko. Yeye alikuwa wa Baltimore.

Mkono ndio uliolipa. Miaka ya tisini vidole vya kulia vilianza kufa ganzi; mishipa ya fahamu iliyoumia kiwikoni haikurudi hata baada ya upasuaji. Ilifika mahali akitaka kucheza gofu anafunga fimbo kiganjani kwa mkanda wa kunata, maana vidole haviwezi kushika. Alisema aliomba fidia ya ulemavu kutoka mfuko wa ligi akakataliwa kwa kuwa hakuomba kabla ya kutimiza miaka 55. Mkono ulimwishia akiwa na miaka 60. Magoti yote mawili yalikuwa ya bandia.

Alifariki kwa moyo tarehe 11 Septemba 2002, akiwa mazoezini, Timonium, Maryland, umri wa miaka 69.

Maisha yake yote ya uchezaji alivaa viatu vyeusi virefu vya kufunika kifundo, hata wenzake walipohamia vyepesi vifupi. Jumapili iliyofuata kifo chake, Peyton Manning, kwotabeki wa Colts wa Indianapolis, aliomba avae viatu kama hivyo. Ligi ikakataa: si sare rasmi, na faini ingekuwa dola 25,000. Manning akaviacha. Chris Redman, kwotabeki wa Baltimore Ravens, kijana aliyesoma Louisville kama Unitas, hakuomba ruhusa. Alivivaa, akacheza navyo, na ligi ikamtoza dola 5,000.

Asanteni kwa kunisikiliza. Mwenye swali, kipaza sauti kiko pale mbele.